Jina Lako Lilivyotufikia Kamembe

Kamembe, Rusizi

Mama yangu mzazi, Bibi Asumini,

Assalaam alaikum. Natumaini mkono unaoshika karatasi hii huko Kasongo ni wa kaka Shabani, na wewe umeketi karibu naye umeegemea ukuta, unasikiliza. Je, macho? Lile la kulia bado linaona kivuli, au nalo limefunga? Goti linakusumbua bado wakati wa kusujudu? Mvua zimewajia vizuri? Huku kwetu zimezidi. Vilima vinateremsha matope, na barabara ya Bugarama inakatika na kutengenezwa, inakatika na kutengenezwa. Mimi viungo vyangu ni vizima, Alhamdulillahi.

Kaka Shabani, wewe unayesoma, nakuomba usiruke neno. Najua tabia yako ya kumfichia Mama mambo mazito. Safari hii msomee yote, polepole. Ukifika mahali pagumu, unywe maji, kisha uendelee.

Mama, ujumbe wako uliletwa na yule mwanamke anayeuza mawese. Alisimama mbele ya mashine yangu ya kushona, akasema, "Mama yako anauliza: ni kweli mjukuu wako amepewa jina la kizungu? Anasema yeye bado hajafa, mbona jina lake limezikwa?" Aliyasema mbele ya wateja. Maneno yale yalinikata maini, nikainamisha kichwa nikajifanya natafuta uzi. Jibu lake lilikuwa refu kuliko muda aliokuwa amepanga kupumzika. Ndilo hili.

Zaituni alipokuwa na mimba ya miezi mingi, tulikuwa tukikaa pamoja barazani, mimi nashona sare za shule, yeye anatia vifungo. Siku hizo alikuwa muongeaji, unamjua. Ulimwona akiwa mdogo tu, lakini mdomo ule aliufikisha ukubwani. Nikamwambia, "Akizaliwa msichana, ni Asumini."

"Ni Yasmine, maman."

"Yasmine ni nani?"

"Ni mutoto yangu."

Nikaacha kukanyaga mashine. Nikamwambia hilo ni jina la wasichana wa kwenye simu, wanaopaka midomo. Nikamwambia kwamba kule Kasongo kuna mwanamke mzee ambaye hajaomba kitu kingine kwangu tangu nitoke kwenda na mume, ila jina lake limshike mtoto mmoja. Nilikuwa nimekasirika kweli, Mama. Yeye akacheka, akaweka shati chini.

"Maman, weye uliniita Zaituni. Ulishaona muti ya zaituni, hata siku moja?"

"Sijauona."

"Na asumini je?"

Hiyo niliiona. Nikamsimulia ule mmea nyuma ya msikiti wetu, ambao wewe ulisema uliletwa na waungwana waliotoka pwani, maua yake meupe madogo, na jinsi ulivyokuwa ukiyafunga kwenye kitambaa na kuyaweka sandukuni kati ya nguo za Idi. Huku sijawahi kuyaona. Zaituni alinisikiliza mpaka mwisho.

"Sasa ndio ile ile," akasema. "Nilienda kuuliza maalim. Batu ba Uajemi ndio walianza kuita ile ua yasaman. Baarabu wakaichukua, wakasema yasmin. Ikavuka bahari, ikafika kwa babu zetu wa pwani, midomo ikawasumbua, wakasema asumini. Bafaransa nao wakaipeleka kwao. Jina imetembea dunia yote, maman, na ua ni moja. Weye Kasongo ulikuwa Salima, hapa banakuita Maman Zaituni. Umegeuka muntu mwingine?"

"Kama ni moja, mwite Asumini basi."

"Asumini ni koko, ni bibi yangu. Siwezi kumuita koko, 'njoo nikuoshe matako'. Nimechukua jina yake, nimeivalisha tu nguo mupya."

Hapo nilishindwa, nikacheka mpaka sindano ikanichoma. Jioni nilipita kwa maalim mwenyewe kumuuliza, kwa kuwa wasichana wa leo wanaweza kukuambia lolote. Akathibitisha. Akasema neno ni lile, ila kila taifa limelitamka kwa ulimi wake, na wazazi wa siku hizi wanapenda lile la Kifaransa lenye e mwishoni isiyosomwa. Basi, Mama, usiulize tena kwa uchungu. Jina lako halikuzikwa. Mjukuu wangu alizaliwa salama, siku ya saba tukamnyoa nywele, baba yake akaleta mbuzi kutoka Bukavu, na mbele ya watu wote akaitwa Yasmine. Mimi moyoni nilisikia Asumini. Nilikuwa na furaha siku ile. Nataka ujue kwamba ilikuwepo.

Baba wa mtoto anaitwa Idi. Ni kijana wa Bukavu, alikuwa akivuka daraja la mpakani kuja huku Rwanda kila wiki na vitenge. Si mtu mbaya. Nakuambia mapema kwa sababu utakaposikia yanayofuata utatafuta wa kumlaumu, na mimi nimekwisha kumtafuta nikamkosa.

Zaituni aliacha kula kwanza. Nikadhani ni uchovu wa uzazi. Kisha akaacha kuongea. Hakuacha kwa mara moja, bali kama mtungi unaovuja: leo maneno kumi, kesho matatu, mpaka ikawa ni kutikisa kichwa tu, kisha hata kichwa kikatulia. Alikuwa akikaa mkekani akielekea ukuta. Nikimwekea mtoto kifuani, mikono yake haikushika, ilibaki imelala pembeni, na mimi ndiye nilikuwa nimemshikilia mtoto anyonye. Alimtazama kama unavyotazama mzigo ambao msafiri mwingine amekuachia umwangalizie. Baada ya muda mfupi maziwa yakakauka.

Majirani walisema yao. Mmoja alisema ni jini, mwingine akasema kuna mke wa pili huko Bukavu amefanya dawa. Maalim alikuja akamsomea. Mwanamke wa jirani, Mnyarwanda mwenye roho nzuri, alinichemshia majani. Idi alikuja, akakaa mbele yake, akamwita, "Zaituni. Zaituni, ni mimi." Zaituni akamtazama, lakini macho yalimpita. Idi alitoka nje akalia nyuma ya choo, nikamsikia. Akaja tena, na tena, kisha akaja mara mojamoja. Mwishowe alisema anakwenda Uvira kutafuta kazi, na tangu hapo sijapata habari yake.

Nilimpeleka Zaituni hospitali ya Mibirizi, juu kule kwenye misheni ya zamani. Muuguzi alikuwa mama wa umri wangu, akanikalisha pembeni, Kiswahili chake kikichanganyika na Kinyarwanda. "Mama, sisi tunaita agahinda. Ni huzuni, lakini si ile ya mtu aliyefiwa. Inashuka, inakaa. Kuna wanawake inawapata wakishazaa."

"Inatoka?"

"Wengi inawatoka."

"Na wengine?"

Alinishika mkono, akanionyesha vidonge, asubuhi na jioni, na akaniambia nimrudishe. Nimemrudisha, Mama, kila walipotuita. Alianza kula tena, usingizi ukarudi. Sauti haikurudi. Mpaka leo ninapoandika.

Nilijaribu kila njia ya kumvuta. Nilimwimbia zile nyimbo ulizotuimbia. Nilimletea mashati atie vifungo, yakalala mapajani mwake mpaka nikayachukua. Nilimbeba mtoto nikamwekea usoni, nikamwuliza, "Huyu anaitwa nani? Niambie mimi, nimesahau. Anaitwa nani?" Alifungua mdomo, nikaona ulimi unasogea, nikasubiri, kisha akaufunga. Mimi niliyelikataa jina lile pale barazani, nikawa nalitamka siku nzima nyumbani, Yasmine, Yasmine, kwa sauti, nikijua aliyelichagua anasikia. Ningetoa mashine yangu ya kushona alitamke mara moja.

Sasa mtoto. Tulimpa maziwa ya ng'ombe ya jirani tukayachanganya na maji, akaharisha. Ya kopo nilinunua nilipoweza, akawa anatapika. Mapaja yakakunjamana kama ya mzee. Lakini kilichonitisha hasa ni kimoja, Mama: aliacha kulia. Mtoto anayelia bado anadai kitu. Huyu alianza kunyamaza kama mama yake, analala macho wazi, anatazama ukuta ule ule. Nikajiona nakaa nyumba moja na kimya cha watu wawili, na mimi katikati nakanyaga mashine ili kuwe na mlio.

Ndipo mama yake Idi akavuka kutoka Bukavu. Alikuja na binti yake Riziki, ambaye alikuwa amembeba mgongoni mtoto wake mwenyewe anayenyonya. Hawakusubiri hata kuketi. Riziki alimchukua Yasmine mkekani bila kuniomba, akafungua blauzi, akampa ziwa. Mtoto alilikataa mwanzo, hakuwa na nguvu ya kuvuta. Riziki akamkamulia mdomoni, tone kwa tone. Kisha tukasikia anameza. Sote tulisikiliza koo lile dogo. Zaituni alikuwa hapo hapo, mgongo ukutani, anaona.

Maman Idi akaniambia, "Maman Zaituni, tusidanganyane. Huyu mutoto anakufia mu mikono."

"Najua."

"Binti yangu iko na maziwa. Weye unashinda kwa mashine, na ile mugonjwa nani anamuangalia? Utagawanyika mara ngapi?"

"Mwacheni Riziki akae hapa nasi, hata mwezi mmoja."

"Na mume wake je? Na batoto bengine? Hapana, maman. Utupatie mutoto."

Nikasema nitamuuliza maalim. Nilikwenda nikiomba anikataze, Mama. Nilitaka mtu mwenye kofia anikataze. Akaniambia kwamba katika sheria yetu, mama akishindwa kulea, haki ya kwanza ni ya mama mzaa mama, hakuna wa kuninyang'anya. Nikabaki nimesimama pale mlangoni kwake na haki yangu mkononi. Nikamwuliza, "Maalim, mtoto ananyonya haki?" Akafuta uso kwa kiganja, akasema, "Hapana, mama yangu. Fanya moyo wako unavyoona."

Sikumpeleka kwa moyo. Nilimpeleka kwa miguu, maana moyo haukutaka kutembea. Asubuhi nilimwogesha, nikamfunga kwenye kitenge kipya, nikamweka mbele ya Zaituni. Nikasema, "Mwanangu, anakwenda kwa shangazi yake kunyonya. Muage." Alimtazama mtoto, akanitazama mimi. Niliona chozi moja, au labda niliona ninachotaka. Nikatoka.

Pale mpakani, kwenye daraja la Rusizi ya Kwanza, ndivyo unavyoweza kuwaza: wanawake wenye beseni za nyanya vichwani, wabeba mizigo wanaokimbia wakiinama, askari wanaopiga kelele watu wajipange. Nilimbeba mwenyewe mpaka mwanzo wa daraja. Askari akauliza mtoto anaitwa nani. Kabla sijafungua mdomo, Maman Idi akasema, "Mwavita."

Nikamgeukia. "Nani?"

"Usikasirike, maman. Mama yangu alikuwa Mwavita. Mutoto wa kwanza kwetu anabeba jina ya upande wa baba."

"Ana jina lake. Mlikula mbuzi wake."

Akaninong'oneza, na hakusema kwa ubaya, nadhani hata yeye aliogopa. "Ile jina ina mukosi. Tangu alipewa, mama yake amekufa na bado anapumua. Unataka mutoto naye amufuate?"

Mama, nilikuwa na maneno. Nilitaka kumwambia habari za Waajemi na Waarabu, na maua meupe nyuma ya msikiti, na kwamba jina hilo lina mwenyewe Kasongo ambaye amezaa watoto, akawazika wengine, akalea wengine, na mpaka leo anasali kwa wakati. Nilitaka kumwambia Mwavita ni jina la mtu aliyezaliwa watu wakikimbia vita, na huyu wetu alizaliwa siku tulivu. Lakini foleni ilikuwa inatusukuma kwa nyuma, na mtoto alikuwa ameamka, anageuza mdomo kutafuta ziwa. Nikampa Riziki. Alimpokea vizuri, akamweka kifuani, wakapita. Nilibaki mpaka askari akaniambia nisogee.

Nyumbani nilimkuta Zaituni ameketi pale pale. Nikamwambia, "Ameshafika kwa Riziki. Atapona." Akajilaza upande, akavuta kitenge mpaka mabegani. Nikasubiri alie. Ningeshukuru angelia, ningeshukuru hata anitukane. Alilala.

Nilivuka mara kadhaa kumwona mtoto. Amenona, Mama, sitakunyima habari njema iliyopo. Mikono ina vifundo vya mafuta, anacheka, anamshika Riziki pua. Wanamwita Mwavita, na mimi nikiwa kwao nilimwita Mwavita, kwa kuwa sikutaka kumchanganya mtoto, wala kuonekana mwanamke mkorofi wakanifungia mlango. Kisha mpaka ukafungwa kwa sababu za wakubwa. Bukavu naiona kutoka hapa, mabati ya nyumba zao yanang'aa ng'ambo ya maji, naweza kukuonyesha kwa kidole mtaa aliokuwa akilala mtoto, lakini sikuweza kwenda. Mpaka ulipofunguliwa, Maman Idi alikuja peke yake. Alisema mume wa Riziki amepata kazi Kisangani, na Riziki amemfuata pamoja na watoto wote. "Na Mwavita pia. Bado ananyonya, tungemuachisha namna gani?" Walikuwa wameshaondoka. Aliniletea mfuko wa muhogo, tukakaa barazani. Idi naye hajui mwanawe yuko wapi, au anajua, sijui.

Kwa hiyo uliponitumia neno la pili, kwamba nimlete mtoto uguse uso wake kabla macho hayajafunga kabisa, elewa kwamba sina wa kuleta. Nami siwezi kuja. Zaituni siwezi kumwacha, na kumbeba kwa njia zile, malori na mapikipiki na misitu, katika hali hii, sithubutu. Muuguzi wa Mibirizi bado ananiambia tuvumilie. Ni mtu mwema, kwa hiyo naitikia. Lakini wewe ni mama yangu, sitakudanganya: nikimtazama binti yangu asubuhi, sioni mtu anayerudi. Naona mtu anayekwenda taratibu, nami namlisha uji njiani.

Nimesikia mke wa kaka Shabani, wifi Zabibu, ni mjamzito. Shabani, usikae kimya hapo, endelea kusoma. Mama, akizaa msichana, mpeni yeye jina. Usilishikilie kwa ajili yangu, wala usiseme limeshatolewa kwa mjukuu wa Salima. Mpeni lote kama lilivyo, Asumini, kwa ulimi wa Kasongo, na watu wa hapo wote walitamke hivyo. Mimi huku sina tena mtu wa kumwita.

Nisalimie dada yangu mkubwa, mwambie kitambaa alichoomba kitakuja na mtu mwingine. Nisalimie mjomba fundi wa baiskeli, na mke wake mdogo, na yule jirani wetu mjane anayekuchotea maji. Mungu amlipe, maana anafanya kazi yangu. Nisalimie imamu, umwombe atukumbuke Ijumaa. Maman Idi hajanituma salamu, lakini najua angetaka nikutumie.

Na salamu za Zaituni. Hakusema niziandike. Nimeziandika mimi.

Ni mimi mtoto wako wa Kamembe,
Salima